Mgeni Akitaka Kusuka, Alipe

Wiki hii zamu ya kuandika ni yangu. Nilikuwa nimeahidi kuandika juu ya mpira, lakini nimebadilisha. Kuna jambo limenikaa kooni tangu kiangazi na siwezi tena kulimeza. Nitaandika kwa ukali kidogo, mtanisamehe. Atakayechukia anijibu hapa hapa mbele za watu, asinifuate pembeni.

Jambo lenyewe ni hawa wageni wanaokuja kambini asubuhi moja "kujifunza kusuka vikapu na wanawake wakimbizi", halafu saa saba wanapanda gari wanaondoka. Na zaidi ya wageni, ni sisi tunaowapokea. Nasema sisi kwa sababu mimi mwenyewe nimo.

Mnakumbuka yote yalianza na ile video. Mmoja wetu aliituma, binti Mzungu yuko Bali, kile kisiwa cha Indonesia, amekaa kwenye mkeka na mama wa pale anafundishwa kusuka. Na kweli Bali wana vikapu. Kijiji cha Tenganan wanasuka kwa mmea wa kutambaa unaoitwa ata, wakimaliza wanakianika juani kisha wanakitia moshi mpaka kinageuka rangi ya kahawia. Wana na vikapu vya mianzi vya kubebea sadaka hekaluni. Ile video ilipendwa sana. Watu wakaandika: na sisi tufanye hivi, wabibi wanaojua tunao, wageni wapo, kambi itajulikana.

Sasa niwaulize, nani alisoma mpaka chini ya video? Bei ilikuwa imeandikwa pale. Yule binti alilipia somo kabla hajagusa jani. Bali utalii ndiyo kazi ya watu, somo la kusuka lina bei kama vile chumba cha kulala kina bei, na hakuna anayeona aibu kuitaja. Sisi tulichukua mkeka, tukachukua tabasamu, tukachukua picha. Bei tukaiacha kule kule Indonesia.

Turudi ile siku ya wageni wetu. Mwalimu alikuwa Haboba. Jina lake silitaji, na wengi wenu mnamjua kwa hilo hilo la Haboba, yaani bibi kwa Kiarabu cha Sudan. Alifika Gorom baada ya vita kuanza Khartoum mwezi wa nne 2023. Nyumba aliiacha, vyombo aliviacha, alichokuja nacho ni wajukuu wawili na vidole vyake. Anasuka tabag. Kwa ambao hamjala kwa Wasudani, tabag ni kile kifuniko cha chakula cha mviringo, kimeinuka katikati, kina nyekundu, kijani, zambarau. Watu wa pwani wana kifuniko cha kusuka cha kazi hiyo hiyo, wao wanakiita kawa.

Tabag inasukwa hivi. Unashika nyasi kavu kiasi cha unene wa kidole, unazizungusha kama konokono, na kila mzunguko unaufunga kwa uzi wa jani la mtende uliotiwa rangi. Sindano nene inatoboa mzunguko wa chini, jani linapita, unavuta, unakaza. Ukivuta kidogo linalegea, ukivuta sana linakatika. Pagumu zaidi ni katikati, pale kwenye kitovu. Kitovu kikilegea, tabag nzima inapinda na hakuna dawa, unafumua unaanza upya. Haboba anasema kwao msichana alisuka vitovu na kuvifumua mwaka mzima kabla hajaruhusiwa kumaliza hata tabag moja.

Mgeni wa asubuhi moja hawezi kusuka kitovu. Hilo Haboba alilijua. Kwa hiyo usiku wa kuamkia siku hiyo alikaa akasuka vitovu sita, kimoja kwa kila mgeni, kwa mwanga wa tochi ya simu yangu. Nyasi ni zake. Majani alikuwa ameyanunua Juba, Konyo Konyo, kwa pesa yake. Rangi yake. Nilimwona saa sita za usiku anasugua macho. Kwenye ratiba ya ziara, kazi hiyo ya usiku haikuandikwa popote. Iliandikwa tu "saa nne: kusuka na jamii".

Wageni wakafika na gari mbili. Tukakaa chini ya rakuba. Mimi ndiye nilikuwa mkalimani, Kiarabu kwenda Kiingereza, Kiingereza kwenda Kiarabu changu hiki cha sokoni Juba. Watu wazuri, sisemi vibaya. Walicheka, walijichoma vidole, walifurahi. Halafu mmoja wao akaona tabag nyingine nyuma ya Haboba, kubwa, imeshapita nusu. Hiyo ilikuwa ya kuuza. Akaomba ajaribu hiyo. Haboba akampa. Akasuka mizunguko mitatu kwa saa nzima, Haboba akimshika mkono kila hatua. Mwisho akainua ile tabag akasema ameipenda, ni kazi yake ya kwanza, angetaka kuondoka nayo iwe kumbukumbu.

Haboba akanigeukia. Akasema taratibu, bila aibu yoyote, "Mwambie bei," akataja na kiasi.

Wandugu, hapa ndipo penye dhambi yangu. Nilimtazama yule bwana wa shirika lililoleta wageni, naye ananitazama. Nikafikiria insentivu yangu. Nikafikiria wageni watasema hawa wakimbizi wanaomba omba. Nikamgeukia mgeni nikasema kwa Kiingereza: anasema ni zawadi yako.

Watu wakapiga makofi. Mgeni akamkumbatia Haboba. Picha ikapigwa, na hiyo ndiyo picha ambayo nyinyi wote mliipenda hapa.

Sasa tuhesabu ile siku nani alipata nini. Dereva alilipwa, ni haki yake. Bwana wa shirika alikuwa na posho ya safari. Mpiga picha alilipwa. Mama wa mjini aliyepika chakula cha boksi alilipwa. Mimi na wenzangu wa kujitolea tulikuwa na insentivu yetu, ndogo lakini ipo. Haboba alipata soda moja na fulana yenye nembo. Yaani mtu pekee ambaye bila yeye ziara isingekuwepo ndiye pekee aliyefanya kazi bure. Na siyo bure tu, alitoa hasara: nyasi, majani, rangi, usingizi, na tabag ya siku kumi na moja za kazi.

Baada ya gari kuondoka aliniuliza, "Amesema atalipa lini?" Nikamjibu, kesho. Alikunja mkeka wake akaenda.

Tangu siku hiyo nimelisema jambo hili kwa watu mbalimbali, kambini na mjini, na nimekusanya majibu yao. Nitayajibu moja moja.

Wa kwanza wanasema bajeti haina kipengele cha kumlipa, kwa sababu yeye kwenye mradi ameandikwa kama mnufaika, na mnufaika halipwi. Hebu tuisome hiyo sentensi polepole. Anayefundisha ni mnufaika, anayefundishwa ni mgeni. Huyo mnufaika amenufaika na nini? Na soda? Bajeti ilikuwa na kipengele cha maji ya chupa, nilibeba katoni mwenyewe. Bajeti ni karatasi iliyoandikwa na mtu, na mtu anaweza kuandika mstari mwingine. Tena wakubwa wenyewe wameshakubali kuwa kazi ya mikono ya mkimbizi ni kazi. UNHCR ina mpango wake unaoitwa MADE51, unauza nje bidhaa zilizotengenezwa na mafundi wakimbizi kutoka nchi nyingi. Zinauzwa, hazigawiwi. Kama kikapu kina bei, maarifa ya kukisuka yatakosaje bei?

Wa pili wanasema utamaduni ni wa kushirikiana, pesa inauharibu. Wanaongeza: hata Haboba mwenyewe alifundishwa na shangazi yake bila kulipa hata senti. Hili ni jibu zuri, ndiyo maana linadanganya wengi. Nilikwenda kumuuliza Haboba kama ni kweli. Akacheka. Akasema kwa shangazi alichota maji kila asubuhi, alifua, alisaga, alilea mtoto, na tabag zake za kwanza zilizofaa kuuzwa aliziuza shangazi akabaki na pesa. Hiyo ni bure? Hiyo ni ada, ila ililipwa kwa mgongo. Wazee wetu wa Kiswahili walishasema: mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Mgeni wa asubuhi moja hawezi kushika jembe, muda hana. Sawa. Basi atoe pesa badala ya jembe, tutaelewana. Kinachoharibu utamaduni ni pale mwenye nao anapolala njaa huku wengine wanautumia kupamba ripoti.

Na msije mkaniambia kuwa watalii wetu wa Afrika hawajazoea. Zanzibar, kwenye mashamba ya viungo, vijana wanasuka kofia na vikapu vya makuti mabichi huku wageni wanatembea, na kila mgeni anajua kabla hajarudi garini mkono utaingia mfukoni. Hata hiyo mimi naona haitoshi, kwa sababu bakshishi inategemea moyo wa mtu na ujira ni haki. Lakini angalau pale hakuna anayejifanya kwamba kijana anasuka kwa ajili ya urafiki.

Wa tatu, na hawa ni wengi humu ndani ya kikundi, wanasema: tukianza kudai pesa wageni hawatarudi. Nauliza, wasiporudi tutapoteza nini? Toeni hesabu. Ile ziara ilituletea nini kambini? Darasa? Dawa? Mwaka 2025 fedha za misaada zilipokatwa dunia nzima, kuna picha yoyote iliyozuia kukatwa? Mimi siwachukii wageni. Kuna msemo mwingine ninaoupenda: mgeni njoo, mwenyeji apone. Unamkaribisha mgeni kwa sababu kuja kwake kunakuletea nafuu. Mgeni ambaye akija mwenyeji anabaki na pungufu, huyo anaondoka na chetu tu, hata akiondoka na tabasamu.

Wa nne ni vijana wenzangu wanaume. Hawa hawajibu, wanacheka. Wanasema kaka, umeanza mambo ya wabibi? Kusuka kuna nini? Niwaambie kilichopo.

Mnawajua Wanubi wa Kibera, Nairobi, na wa Bombo, Uganda? Asili yao ni huku huku tulipo. Walikuwa askari wa Emin Pasha, aliyekuwa gavana wa Equatoria, na makao yake yalikuwa Lado, kwenye Nile, si mbali na Juba. Mwaka 1891 Lugard akawachukua kuwa askari wake na kuwapeleka Uganda, wao na familia zao, na baadaye wengine wakafika Kenya. Waliishi Kibera, jina lenyewe limetoka kwenye Kinubi, kibra, maana yake msitu. Zaidi ya miaka mia imepita. Kinubi chao bado ni ndugu wa Kiarabu cha Juba, ukikisikia utaelewa. Na wanawake wao hadi leo wanasuka vikapu na vifuniko vya chakula vya rangi, ndugu wa hiki cha Haboba. Askari alibeba bunduki, leo bunduki iko wapi? Mama alibeba sindano, na kazi yake ipo.

Mfano mwingine. Rwanda kuna kampuni inaitwa Gahaya Links, ya madada wawili, Joy Ndungutse na Janet Nkubana. Janet alikulia ukimbizini Uganda, mtoto wa kambi kama sisi. Waliporudi kwao walikusanya wanawake wasukaji, na mwaka 2005 vikapu vyao vikaingia kwenye maduka ya Macy's kule Marekani. Hawakuanza na mashine, walianza na kitu ambacho mama zao walikuwa wanakijua. Na walikipa bei.

Kwa hiyo mnaposema msafiri amekuja kujifunza kusuka, kumbukeni na sisi ni wasafiri. Safari hii hatukuichagua, lakini ni safari. Bibi yangu kule Fizi alisuka vitunga na mikeka, mimi nilikuwa nakalia mikeka yake nikisoma, sikuwahi kumuuliza anaanzaje. Amefariki. Sasa niko na miaka ishirini na kitu, nina cheti cha sekondari, na siwezi kusuka hata kamba ya kufungia mbuzi.

Yupo mmoja kati yetu anayesafiri vizuri. Dada yetu Mrundi, mnamjua, hapendi kutajwa. Miezi mitatu sasa anakaa na Haboba kila jioni. Hajui Kiarabu sana, wanaongea kwa mikono. Anamchotea maji. Majani anachangia kununua. Kitovu chake cha kwanza kilichokubaliwa kilikuwa cha ishirini na tatu, vingine vyote Haboba alivifumua mbele yake. Na amemwonyesha Haboba namna ya kwao ya kufunga kifuniko chenye ncha kama cha agaseke, ambacho Burundi wanapelekea zawadi harusini. Haboba sasa anaijaribu. Huyo ndiye mgeni anayejifunza kusuka. Hana picha hata moja.

Niwe mkweli, sisemi kwamba tabag itatutoa kambini. Hapa Juba pesa inashuka thamani kila leo, mnunuzi akiona tabag anasema nzuri halafu anakwenda kununua unga. Tabag ya siku kumi na moja inauzwa mara moja, kwa bei ambayo ukiigawa kwa siku utalia. Ndiyo maana somo ni muhimu kuliko tabag yenyewe. Somo ni asubuhi moja, na anayelitaka ni mtu mwenye uwezo wa kulipa. Pengine ndiyo sehemu pekee ya kazi hii ambayo ingemlipa Haboba sawasawa, na sisi ndiyo hiyo hiyo tumeamua kuigawa bure.

Sasa kwa nini naandika leo. Kwa sababu barua nyingine imefika. Mwezi ujao kuna wageni, ratiba ile ile, "kusuka na jamii", na tumeombwa sisi kikundi tuwapange wabibi. Tunakutana Jumamosi. Mimi nitasimama nipendekeze haya:

1. Kabla ya kukubali ziara, bei ya somo iandikwe, na anayeitaja ni mwalimu mwenyewe. Alipwe mkononi siku hiyo hiyo kabla gari halijawashwa.
2. Nyasi, majani na rangi vilipwe mbali na somo. Na kazi ya maandalizi ya usiku ihesabiwe.
3. Mgeni asiondoke na kazi ya mtu bila kulipa bei iliyosemwa, hata kama amesuka mizunguko mitatu.
4. Picha ipigwe baada ya kuomba ruhusa, na jibu la hapana liheshimiwe.
5. Mkalimani atafsiri kilichosemwa. Akiongeza au akipunguza, atolewe.
6. Sisi vijana tukitaka kujifunza, twende na maji, au kuni, au majani. Tusiende na simu peke yake.

Wakikataa hayo, tuwaandikie kwa heshima kwamba wabibi wana kazi siku hiyo. Najua ninachohatarisha. Insentivu yangu inatoka kwa watu wanaojuana na hao. Nimeshafikiria, nimeamua.

Kuhusu ile namba tano. Jumapili iliyopita nilikwenda kwa Haboba nikamwambia ukweli wote, kwamba siku ile sikusema bei, nilisema zawadi. Nilitegemea atanifukuza. Aliendelea kusuka. Akasema, "Nilijua siku ile ile. Mtu aliyetajiwa bei hakumbatii, anatafuta pochi." Nikamuuliza mbona hakusema. Akasema, "Ningesema kwa mdomo gani? Mdomo ulikuwa wewe."

Nimeanza kuilipa ile tabag mimi mwenyewe, nusu mwezi huu, nusu mwezi ujao. Hakunipunguzia hata kidogo. Na ameshasema, wageni wakija tena, mkalimani wake ni yule dada Mrundi anayeongea kwa mikono, siyo mimi. Sikubisha.

Jumamosi saa tisa, chini ya mwembe. Njooni mpige kura.